Mimi Ndiye Mwenye Kofia

Jumatatu, 2 Juni 2003
Niko na miaka sabini na mbili. Nimezika mke, nimezika mtoto, nimepita ukame wa themanini na nne, na bado niko na meno kumi na moja. Kitengela nzima nani mwingine?
Leo amekuja msichana anaitwa Dinah. Anatengeneza filamu ya historia ya Kajiado. Amepata picha za serikali za 1960, siku ya kufungua josho la kuogeshea ng'ombe dawa ya kupe. Anatafuta wazee wa kutaja majina, maana kwa mkebe wa filamu imeandikwa tu "wenyeji". Wenyeji! Nikamwambia amefika kwa mwenye josho.

Jumatano, 4 Juni
Ametuwekea kipande kwa runinga ya kanisa, mimi na jirani yangu Ndambuki. Kijana wa kofia na tai anasoma hotuba mbele ya mzungu. Nikaruka: huyo ni mimi! Ndambuki akacheka mpaka akakohoa. Ati wewe Kiilu, tai ulijua kufunga lini? Wivu. Dinah akauliza mara mbili. Nikaapa, nikatia sahihi.

Ijumaa, 6 Juni
Dinah amerudi na kipande kingine cha siku hiyo hiyo. Vibarua wanachota matope. Halafu Mutindi. Mke wangu! Debe kichwani, anacheka, na lile pengo lake. Miaka thelathini sina picha yake hata moja. Nilikuwa nimesahau alikuwa anashika debe na mkono wa kushoto. Nyuma yake kijana wa suruali iliyotoboka magoti, amebeba mtoto begani. Mimi huyo. Na Muteti wetu, kabla surua haijamchukua.
Dinah akauliza, Mzee, hawa unawajua? Ndambuki akaniangalia.
Nikapiga hesabu. Nikisema huyu ni mimi, mwenye kofia ni nani? Mtu hawezi kusimama pahali mbili. Nikasema hao ni vibarua tu, sikumbuki.

Jumapili, 15 Juni
Tumeonyeshwa filamu kanisani. Jina langu chini ya kofia, herufi kubwa. Makofi! Mutindi akapita. Sekunde nne, nimehesabu. Chini wameandika: familia isiyojulikana. Nikaomba Dinah arudishe filamu nyuma. Akarudisha mara tatu, kila mara mpaka kwa kofia. Alidhani nataka hiyo.
Nje Ndambuki akanishika mkono. Ati nimwambie huyo msichana ukweli, bado jina linaweza kubadilishwa. Nikamwambia wivu utamuua.

Jumatatu, 16 Juni
Dinah amekuja kuaga. Leo anapeleka filamu Nairobi, ikifika huko haiguswi tena. Akauliza, Mzee, kuna kitu cha kurekebisha? Nikaangalia barabara. Nikamwambia kiko kimoja. Mbele ya jina langu waongeze "Bwana".
Ameandika. Ameenda.
Asiyeamini yale nimeandika hapa amuulize Ndambuki. Josho lilipofunguliwa, alikuwepo.