Kesi Yangu na Hibaq Isikilizwe Wapi

Jumatatu, 3 Machi
Barua ya mahakama imefika hapa Migwani. Hibaq, mke wangu, anadai matunzo yake na ya mtoto. Alirudi kwao Mwingi Desemba, nilipouza cherehani yake ninunue sungura. Sungura walikufa. Nimemwendea Munyao, fundi wa pikipiki anayesoma sheria kwa simu. Anasema nilisilimu ili nimuoe, kwa hivyo niombe kesi iende kwa Kadhi. Kadhi yuko mbali. Hibaq atachoka na safari, ataacha. Mpango safi.

Alhamisi, 6 Machi
Nimevaa kofia. Nimemwambia hakimu jina langu ni Nuhu, si Nyamai. Akaeleza kwamba Kadhi husikiliza kesi ikiwa sote ni Waislamu na sote tumekubali. Hibaq akaomba muda afikirie. Nikatoka kunywa chai na mandazi. Nilisahau ni Ramadhani. Mowlid, kaka yake Hibaq, alikuwa mlangoni. Aliniangalia nikitafuna. Afadhali angenitukana.

Jumanne, 11 Machi
Hibaq amekubali. Ameondoa kesi aipeleke kwa Kadhi. Nilifurahi mpaka nikasikia sababu: alimwambia hakimu kwamba huenda Kadhi akatupatanisha kwanza. Mimi nilitaka achoke. Sikupenda nilivyojisikia. Munyao naye amepata habari kwamba baba mkwe, Mzee Maalim, atakuwepo. Anashauri nirudi kanisani haraka, maana Kadhi hawezi kumhukumu Mkristo.

Jumapili, 16 Machi
Pasta Kasyoka ameniita mbele. Watu wameimba. Mwaitu, mama yangu mzazi, hakuimba. Baadaye ameniuliza kama ni Mungu nimemrudia au nimemkimbia Hibaq. Nikamwambia ni mambo ya sheria, hawezi kuelewa. Akaenda kuchambua maharagwe, hakuniita kula.

Alhamisi, 20 Machi
Kadhi ni mzee mpole. Hata kabla ya kufungua faili alituuliza kama kuna la kuzungumza. Hibaq akanigeukia.
"Baba Amina, mimi sikutaka mahakama. Nilitaka uje Mwingi, uulize mtoto anakula nini. Ungekuja, ningerudi na wewe."
Nilitaka kusema nitakuja. Nilikuwa na neno hilo mdomoni kabisa. Lakini nilikariri maneno ya Munyao njia nzima, na ndiyo yaliyotoka: mimi ni Mkristo, mahakama hii haina mamlaka juu yangu. Kadhi akaniuliza kama nina hakika. Nikasema ndiyo. Akafunga faili, akasema basi turudi kwa hakimu. Mzee Maalim alifuta miwani yake muda mrefu. Nje, Hibaq akaniuliza kama nina nauli ya kurudi. Nimeshinda. Sijawahi kushinda vibaya hivi.

Alhamisi, 3 Aprili
Hibaq amefungua kesi upya. Hakimu ananikumbuka. Ameniuliza leo ni Nuhu au ni Nyamai. Watu wamecheka, hata askari wa mlangoni. Hibaq hakucheka. Hakimu ameamua niwe nikitoa matunzo kila mwezi wakati kesi inaendelea. Nilimtafuta Hibaq nje nimwombe msamaha. Alikuwa ameshaondoka na Mowlid.

Ijumaa, 4 Aprili
Mwaitu ameniamsha mapema. Amenipa mfuko wa kunde na kuku mmoja, nipeleke Mwingi. Ameniagiza nisiseme sheria yoyote, nikae chini nicheze na mtoto. Nimeoga, nimenyoa. Gari la Mwingi lilikuwa linajaa, mimi nikiwa na kuku kwapani, na moyo ulikuwa mwepesi kwa mara ya kwanza tangu Desemba.

Ndipo Munyao akapiga simu. Amesoma tena. Mtu akihamia Makueni, anaweza kuomba kesi imfuate huko, na Hibaq hana mtu Makueni.

Naandika haya Kilungu, huku Makueni, kwa mjomba Musyimi. Huku milimani kuna baridi. Kuku tumemla. Mjomba ameuliza habari za Amina, mwanangu, kama ameanza shule. Nimemwambia sijui, ila kesho nitatafuta wakili anieleze mahakama ya Makueni inafunguliwa saa ngapi.