Steringi Wawili wa Kashojwa

Baudouin alimkuta Bwana Herménégilde akijitazama katika kioo cha kabati la kuuza, akigeuza shingo huku na huku na kunyoosha ukosi wa shati, na papo hapo akatambua kwamba riziki imesimama mbele yake, ina mvi chache na viatu vya ngozi. Bwana huyo, Mrundi wa makamo, alikuwa na duka la samani Nyamityobora, mjini Mbarara. Nyuma yake, juu ya rafu, ilikaa kamera ya video aliyoinunua kwa ajili ya harusi ya binti yake, na ambayo tangu harusi ile haikuwa na kazi nyingine isipokuwa kukusanya vumbi.

Kuhusu Baudouin, haki na itendeke. Alikuwa mwigizaji, mwandishi na mtayarishaji wa filamu, kazi tatu katika kichwa kimoja, wala hapakuwa na mtu aliyemwajiri hata kwa moja. Alitoka Uvira, akapata kiwanja Kashojwa, katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale, na huko alikuwa amekwisha kutengeneza filamu tisa kwa simu yenye ufa kwenye lenzi. Ndiyo maana katika filamu zote tisa mbingu ya Nakivale ina ufa uleule. Kipaji alikuwa nacho. Alichokosa ni aibu.

“Patron, usitikisike!” alisema, akipima uso wa mwenye duka kwa vidole vinne. “Pale pale. Hii uso, miye naitafuta tangu myaka mbili.”

“Uso gani?”

“Yako. Uso ya steringi.”

Steringi, kwa wale wasioingia katika vibanda vya video, ni yule mhusika anayepigwa risasi arobaini na asife.

“Mimi nauza makabati, bwana,” alijibu Herménégilde, lakini macho yake hayakuondoka kwenye kioo.

“Bote banasemaka vile mbele ya kuwa bakubwa.”

Baada ya nusu saa Baudouin alitoka dukani na kamera shingoni. Makubaliano yalikuwa mepesi: mwenye kamera ndiye steringi, na filamu ikiisha kupigwa, kamera itapelekwa Kampala kuoshwa picha. Herménégilde, aliyekumbuka picha za ujana wake zilivyooshwa katika maji ya dawa huko Bujumbura, aliliona jambo hilo kuwa la kawaida kabisa. Baudouin naye aliazimia kwamba kamera ikifika Kampala, itabaki Kampala, na yeye pamoja nayo.

Palihitajika umeme na chakula. Kashojwa, vyote viwili vilikuwa kwa Mama Capitoline, mjane mnene aliyechaji simu za watu kwa jenereta yake.

“Weye!” alimpokea mama huyo. “Mu film yako ya mwisho ulinifanya maiti. Nililala mu jua asubui muzima, na nzi mu pua!”

“Maiti ya maana, Mama. Batu balilia.”

“Miye njo nililia!”

“Sasa utakuwa steringi.”

Mama Capitoline aliweka chini simu tatu alizozishika.

“Ule mwenye hakufake?”

“Hata akitaka kufa, Mama, nitamukataza.”

Jenereta ikatoka, na sufuria ya maharage na ugali wa muhogo ikafuatana nayo kila siku ya kazi.

Hivyo filamu moja ikawa na steringi wawili wasiojuana. Jumanne Baudouin alipiga picha Mbarara, Alhamisi akapiga Nakivale, na pande zote mbili yeye mwenyewe aliigiza mwizi, kwa kuwa hakuna mtu aliyetaka nafasi ile. Herménégilde alimpiga kwa ubao mwembamba, kwa adabu, akimwomba radhi kila mara. Mama Capitoline alimpiga kwa mwiko, na kwa sababu alikuwa bado anawakumbuka wale nzi, hakuigiza.

Kasoro ilikuwa moja: kinasa sauti cha kamera kilikwisha kufa harusini, siku soda ilipokimwagikia. Picha zilitoka safi, nazo zilikuwa bubu. Baudouin akalazimika kumwendea Marcienne, vijei wa kibanda cha video cha Kashojwa, yaani yule anayekaa kando ya skrini na kuwasemea waigizaji wote kwa sauti yake moja. Watu wa Kashojwa humwamini vijei kuliko picha. Picha ikionyesha mvua na Marcienne akasema ni jua, watu huvua masweta.

“Safari hii jina lako litakuwa juu kabisa, dada,” alimwambia.

“Ulisema hivyo mara tisa. Mara ya tisa niligeuza bango nitafute nyuma yake.”

“Ya kumi ni ya kweli. Nikitoka tu Kampala kuosha picha.”

Marcienne alikuwa ameshika mkononi kadi ya kamera, kitu kidogo kama ukucha, yenye picha zote ndani yake. Aliitazama, akamtazama Baudouin. Aliomba tu aachiwe kadi ile hadi Jumapili ili azipange picha. Baudouin, aliyekuwa na mabegi ya kufunga, alikubali. Alimwagiza aonyeshe sehemu ya Mama Capitoline peke yake. Alipotoka tu, Marcienne akapiga simu Nyamityobora, kwa namba iliyoonekana kwenye kibao cha duka katika picha.

Jumapili, baada ya misa ya pili, kibanda kilijaa hadi mlangoni. Baudouin aliketi benchi la mwisho, kamera ikiwa katika mfuko mweusi begani, na nje pikipiki ilimngoja. Alikusudia kujiona mara moja tu, kisha aondoke.

Mama Capitoline alitokea kwenye skrini na mwiko wake. Kibanda kikashangilia. Halafu akatokea Herménégilde na ubao, na kutoka benchi la mbele Herménégilde mwenyewe, katika suti ya kijivu, akasimama.

“Yule mama ni nani mu filamu yangu?”

“Filamu ya nani?” aliuliza Mama Capitoline, naye akisimama.

“Kaeni, wazee wangu,” alisema Marcienne katika kipaza sauti, pasipo kutikisika. “Hawa ni ndugu wawili waliopotezana wakati wa kukimbia vita. Dada alifika Kashojwa, kaka akafika Mbarara. Wote wawili ni steringi.”

Makofi yakapigwa. Wale wawili wakatazamana, wakaketi, kila mmoja akanyoosha mgongo.

Kwenye skrini mwizi aliingia dukani, akamwinamia Herménégilde. Marcienne akamsemea kwa sauti ya Baudouin mwenyewe: “Patron, nipe kamera. Nitaipeleka Kampala kuosha picha!”

Vijana wakaangua kicheko, kwa kuwa walijua kwamba kamera ya siku hizi haina cha kuoshwa. Herménégilde alicheka pamoja nao, kisha akaacha.

“Na mwizi huyo,” Marcienne aliendelea, “sasa yuko mlangoni na mfuko mweusi.”

Shingo zote ziligeuka. Baudouin alikuwa amekwisha kutoka, mguu mmoja juu ya pikipiki. Angeweza kwenda zake. Lakini watu, wakidhani hiyo ndiyo sehemu tamu ya onyesho, walianza kupiga miguu chini na kuita: “Bau-dou-in! Ak-te-ri!”

Katika filamu tisa hakuna aliyewahi kumwita mwigizaji.

“Ngoja kidogo,” alimwambia mwenye pikipiki.

Akarudi. Akasimama mbele ya skrini, na kwa kuwa mtu hawezi kuinama vizuri akiwa na mzigo begani, akauweka mfuko chini. Aliinama mara ya kwanza, mkono kifuani. Aliinama mara ya pili, chini zaidi. Alipoinuka mara ya tatu, mfuko ulikuwa magotini pa Herménégilde, na Mama Capitoline alikuwa kando yake na mwiko, aliokuja nao bila kuagizwa.

Herménégilde aliikagua kamera pole pole.

“Dada,” alimwuliza Marcienne, “hii filamu itaishia wapi?”

“Haijaisha, Mzee. Haina wa kuipiga.”

Herménégilde akamkabidhi kamera mbele ya watu wote.

“Kamata na jenereta yangu,” alisema Mama Capitoline. “Lakini miye nisikufe!”

Leo bango limebandikwa kwenye ukuta wa duka la samani Nyamityobora. Lina nyuso mbili kubwa, na juu yake pameandikwa: Hadithi, sauti na utayarishaji, Marcienne. Chini kabisa, karibu na ukingo, pameandikwa: Mwizi, Baudouin. Kila Alhamisi Baudouin huja kwa Mama Capitoline kupigwa, hula maharage yake, huenda zake.

Juzi alionekana akilipima bango kwa vidole vinne.

“Dada, hizi herufi zangu ziko kidogo sana.”

“Safari ijayo, ndugu yangu,” alisema Marcienne, akifuta lenzi. “Jina lako litakuwa juu kabisa.”