Babu Alishafika Mwaka Huu

Jumanne, 8 Julai 2025

Baridi ya Soweto, hapa Mbeya, leo inauma masikio. Sijali. Nimemaliza mswada! Karatasi ngumu, mabaki ya kiwanda cha Mgololo aliyoniletea shemeji. Nimeziloweka kwenye chai ya rangi, nikaandika kwa masizi ya sufuria. Unaitwa Njia ya Kuvuka Miaka, na mwandishi ni babu wa babu yangu. Marehemu hakujua kusoma, kazi yake ilikuwa kufukuza kima shambani. Lakini nani atamuuliza?

Humo babu anaeleza namna ya kusafiri: ulale kichwa kikielekea mlima Loleza, utaje mwaka unaoutaka, ukohoe. Yeye alikohoa, akatokea mwaka huu, kanisani kwetu, kwaya ikiimba. "Na aliyesimama mbele akiongoza," anaandika, "ni kilembwe changu Ezekia." Ndiye mimi. Jofrey, mwalimu wa kwaya wa sasa, naye kamwona, nyuma kabisa, amebeba sanduku lipigalo kelele. Yaani spika. Babu angejuaje neno spika? Hapo nilijipongeza.

Kura ya mwalimu wa kwaya ni Jumapili ya tarehe ishirini. Cheo kilikuwa changu. Jofrey alikichukua mwaka jana kwa sababu eti nilianzisha wimbo juu mno, mama mmoja akazimia. Alizimia kwa furaha! Nakitaka cheo changu, na nitakipata.

Alhamisi, 10 Julai

Mswada unanuka chai. Bado mbichi. Nimeuviringisha, nikaufunika kwa maganda ya mahindi, nikauficha katikati ya fungu la mahindi ya mbegu linaloning'inia juu ya moto jikoni. Moshi utauzeesha. Mahindi ya mbegu hayaguswi mpaka mvua za kupandia, hata mwizi analijua hilo. Akili ninazo.

Jumapili, 13 Julai

Balaa! Leo sikukuu ya mavuno, na mke wangu Frida kapeleka fungu lile lile madhabahuni. Nilimnong'oneza kwa nini katoa mbegu. "Baba Gloria," akasema, "kwani Mungu anapewa yaliyotobolewa na dumuzi?"

Baada ya ibada, mnada wa sadaka kama kawaida. Mzee wa kanisa, Andendekisye, akaliinua fungu letu. Nikataja bei. Jofrey akapandisha, kwa kiburi tu, maana ana lori la viazi. Nikapandisha. Akapandisha. Watu wakavunjika mbavu: mtu ananunua mahindi ya mkewe! Frida akanivuta koti, akauliza kama nimerogwa. Nilifika hadi kuongeza jogoo wangu. Wapi! Jofrey kaondoka na unabii wangu begani, wala hajui.

Jumatano, 16 Julai

Anajua. Frida kasikia bombani kwamba Jofrey kakuta maandiko ya kale ndani ya mahindi, na siku ya kura atayasoma mbele ya watu wote.

Nimefikiri. Asome! Adui yangu alitangaze jina langu kwa kinywa chake! Nimepiga pasi suti. Nimeandaa na hotuba: nakataa kidogo kwa unyenyekevu, kisha nakubali.

Jumapili, 20 Julai

Jofrey alisimama na mswada. Alisoma vizuri, nakiri. Hata kikohozi cha babu alikikohoa. Akina mama wakashika vifua. Nikanyoosha tai. Akafika pale penyewe, akanitazama.

"Na aliyesimama mbele akiongoza ni Jofrey," akasoma. "Nyuma kabisa nikamwona kilembwe changu Ezekia, amebeba sanduku lipigalo kelele."

Nilijikuta juu ya benchi. "Mwongo! Soma ilivyo! Jina nililoandika hapo ni langu!"

Kanisa zima likanigeukia. Mzee Andendekisye akaniuliza kwa upole kama nimesema nililoandika, au amesikia vibaya kwa sababu ya uzee. Jofrey alikuwa anakunja karatasi taratibu. Frida kajifunika kitenge uso mzima.

Sikupata hata kura ya Frida. Nimeondolewa kwenye kuimba mpaka Krismasi, na adhabu yangu ni kubeba spika. Frida anasema basi babu aliona kweli. Sikucheka. Kosa si langu, kosa ni la msomaji!

Jumamosi, 26 Julai

Iringa, kwa mama mkwe, Mama Rozalia. Frida kaja kupumzika na aibu, mimi nimemsindikiza. Kuteleza si kuanguka. Nimekuja na fungu la mahindi ya mbegu, na ndani yake mswada wa pili. Safari hii babu ametaja jina langu kila mstari. Atakayetaka kulibadilisha atachoka mdomo! Kosa la kwanza lilikuwa kuutundika Mbeya, kwa mke asiyejua kutunza mbegu. Hapa ni kwa mtu mzima.

Mkwe haingii jikoni kwa mama mkwe, basi nilimkabidhi uani, macho chini. Nikamwomba ayatundike juu ya moshi, mtu asiyaguse. Aliyapokea kwa mikono miwili, akayageuza, akasema mahindi mazuri hivi hajayaona mwaka huu. Akasema ni Mungu mwenyewe kayaleta leo, maana kesho usharika wao una sikukuu ya mavuno.

Nimemwitikia amina kwa sauti. Mama mcha Mungu namna hii! Mswada wangu sasa uko mikono salama.