Mguu wa Lambros na Kigiriki Changu

Jumatatu, 3 Juni 1974. Melbourne.

Baridi. Mvua. Siku nzima nimefunga biskuti kwenye makopo. Mimi! Niliyefundisha Kigiriki cha kale miaka kumi na mmoja kule kwetu Mitilini! Huu mwaka wa kumi na nane katika nchi hii. Utenzi wa kale wa Kigiriki juu ya nyuki, mistari elfu mbili, nimeutafsiri wote kwa Kiingereza. Profesa Ainsworth wa chuo kikuu ameukalia tangu mwaka juzi. Kimya. Hata kusema haufai hajasema.

Jioni kaja Efterpi, mke wa jirani yetu Lambros. Mumewe kalazwa, kisukari kimeshika mguu. Madaktari wanasema Kiingereza, yeye na mumewe hawaelewi. Kaniomba nikawe mkalimani. Nilikuwa natafuta udhuru, akataja jina la daktari: Pryor. Pryor, aliyemwoa binti wa Profesa! Nikakubali kabla hajamaliza kusema. Efterpi akalia, akasema Mungu atanilipa. Nilikuwa nimeshapanga nitakavyolipwa.

Jumanne, 4 Juni.

Mpango ni huu: nitamsemesha mgonjwa kwa Kigiriki cha hali ya juu, hata daktari asiyekijua atambue kuwa hapa pana msomi. Kisha atamtajia baba mkwe. Nimevaa suti ya harusi. Kamusi kubwa kwapani, ya kuonekana tu.

Daktari akasema kwa ufupi kwamba mguu umeoza, ukatwe Ijumaa chini ya goti, la sivyo sumu itapanda na mgonjwa atakufa. Maneno makavu! Hayana hadhi hata chembe. Nikayapandisha. Kwa lugha ya mababu nikamwarifu Lambros kwamba tabibu akusudia, Ijumaa, kumfarikisha na kile kilichofisidi, ili siha yake isihiliki.

Lambros kaishia darasa la tatu, kisha maisha yake yote kayeyusha chuma. Akanisikiliza kama yuko kanisani. Akatabasamu. "Ijumaa hii hii, Mwalimu?" Nikasema hii hii. "Basi Mungu mkubwa."

Ujasiri ulioje! Nikamwambia daktari mgonjwa karidhia. Nikachomekea habari za nyuki. Daktari akasema "Aha." Lakini ilikuwa "aha" yenye uzito.

Jumatano, 5 Juni.

Pantelis Vrettos, mwenye duka la samaki wa kukaanga, naye kaenda hospitali. Ndiye mkalimani wa mtaa mzima, eti. Kiingereza chake kakiokota kwenye karai la mafuta. Tumekutana mlangoni kwake. Kaniuliza, "Mwalimu, umemwambia nini yule mzee wa watu? Mbona anacheka?" Nikamjibu kwamba ni mambo yasiyouzwa pamoja na chipsi. Jibu safi! Nimelirudia mara tatu njiani.

Alhamisi, 6 Juni.

Nimemwambia msimamizi kiwandani kwamba jino linauma, nikaenda wodini. Nia: kumwona daktari, aulizie ule utenzi.

Nikamkuta Efterpi kapiga magoti sakafuni, anang'arisha viatu. Viwili. Suti ya mumewe imetandazwa kitandani, kofia juu yake. Muuguzi kasimama mlangoni, mkono mdomoni. Lambros akanipungia. "Mwalimu! Kesho unakula kwetu. Efterpi kanunua mwanakondoo!"

Nikaelewa. Nikafungua kinywa. Yakanijia maneno matano ya kale, yote mazuri, na hakuna hata moja lililokuwa "kata".

Nyuma yangu harufu ya mafuta. Pantelis. Akaviangalia vile viatu, akaniangalia mimi. Akaisogeza suti, akaketi kitandani, akaushika mkono wa Lambros.

"Ndugu yangu, kesho hutoki. Kesho wanakukata mguu. Hapa, chini ya goti. Usipokatwa, wiki ijayo tunakuzika."

Efterpi alikuwa bado kavaa kiatu mkononi kama glavu.

Lambros akauliza, wakishaukata wanaupeleka wapi. Pantelis hakujua. Akamwuliza muuguzi kwa kile Kiingereza chake kisicho na nyakati. Muuguzi akajibu polepole kwamba unachomwa, na hakuna anayeufanyia mzaha. Lambros akalia bila sauti, muda mrefu, sisi wote tunatazama dirisha. Kisha akajifuta kwa shuka. Wakate.

Halafu akanigeukia. Nilijiandaa kwa tusi.

"Mwalimu, ulisema vizuri mno. Nikajua naenda nyumbani."

Nimerudi kwa miguu. Mvua yote imeniishia mwilini. Sikula.

Ijumaa, 7 Juni.

Tangu asubuhi kwenye benchi la hospitali. Mimi, Efterpi, Pantelis. Kafunga duka siku ya Ijumaa, siku anayouza kuliko zote! Hakunisimanga. Kaniletea chai. Ingekuwa afadhali anisimange.

Saa nane mchana Pryor akatoka, akasema mgonjwa kapita salama. Pantelis akamwambia Efterpi, "Yu hai." Basi, maneno mawili. Nilitaka kuongeza kitu, lakini mama yule alikuwa keshaanguka begani kwa Pantelis.

Nikamfuata daktari. Vipi baba mkwe? Kumbe Profesa alistaafu mwaka juzi. Anapanda waridi, hasomi kitu. Karatasi zilizobaki ofisini zilitupwa. Siku kama ya leo, mtu kunipa habari mbaya namna hiyo! Bahati nina nakala.

Jumapili, 16 Juni.

Baada ya misa nikaitwa wodini na Lambros. Kakonda. Anasema mguu usiokuwepo unamuuma, na usingizi umemhama siku nne. Kaomba nimzungumzie. "Lolote, Mwalimu. Hiyo sauti yako tu."

Nikatoa ile nakala. Nikamsomea tafsiri yangu, kwa Kiingereza, maana hiyo ndiyo kazi yenyewe. Lambros hajui Kiingereza hata cha kuombea maji. Na bado! Mstari wa tisa akafumba macho kwa hisia. Kufika wa ishirini akawa anahema kwa kina, mdomo wazi, kama mtu aliyeguswa rohoni. Muuguzi akaja kwa kunyata, akaniminya bega, akaniomba nije na kesho. Wako wengine watatu wodini wenye shida kama yake.

Wasikilizaji wanne! Nimesema siku zote, kazi nzuri haina haja ya kueleweka. Pantelis abaki na samaki wake. Kesho naanzia mstari wa mia mbili, nao naona bado ni mwepesi mno. Nitaupandisha.