Mafaili 214 Niliyoyakuta Yamekaa Bure

Jumanne, saa tano asubuhi

Kwako Shemeji, fundi wa kompyuta, mume wa mdogo wangu,

YAH: KOMPYUTA ULIYONIWEKEA KUNIGOMEA KWA UMOJA

Salamu ni nyingi, lakini kitambaa kiko mezani hakijakatwa, kwa hiyo naanza na kilichonikera.

Unajua nilianza na cherehani moja ya mkono barazani. Leo ni mwaka wa ishirini na mbili, nina mafundi wanne, na hakuna aliyenibeba mgongoni. Chumba changu cha kukatia kina mita tatu na nusu kwa nne. Kilichomo kinafanya kazi au kinatoka. Kwa sheria hiyohiyo, Jumapili niliikagua kompyuta inayotunza vipimo na michoro ya majoho ya kwaya. Nikakuta folda yenye mafaili 214 ambayo sijawahi kuyaita. Nikabofya moja, halikufunguka. La pili likaniuliza nataka kulifungua kwa kutumia nini. Yaani linakaa kwangu, halafu linaniuliza mimi kazi yake! Nikayafukuza yote. Kompyuta ikauliza mara mbili kama nina uhakika. Mimi nina uhakika tangu nizaliwe. Nikamwaga na pipa la taka, nikaenda kunywa chai.

Jana asubuhi programu ya michoro ikasema haiwezi kuanza, kuna faili halipo. Programu ya kuchapisha ikataja faili lilelile. Hata mchezo wa karata wa fundi wa vifungo nao ukajiunga. Ndipo nalalamika:

1. Ulinieleza kwa simu kwamba hayo ni maktaba za pamoja: faili moja lina maelekezo ya kazi fulani, tuseme kuonyesha herufi, na programu nyingi huliazima badala ya kila moja kubeba lake. Shemeji, watu wazima hawaishi hivyo. Hapa kwangu kila fundi ana mkasi wake, umefungwa utepe wa rangi yake. Nataka kila programu ije na vyake, kama mwanafunzi wa bweni: godoro, ndoo na kufuli.

2. Ukasema, "Shemeji, ungeuliza kwanza nani analitumia." Ningemuuliza nani? Niliikodolea macho folda ile dakika kumi nzima kwa saa ya ukutani. Hakuna faili hata moja lililonyanyua mguu.

3. Nikajitegemea. Kwenye kompyuta mpya ya jirani yangu, mshona mapazia, nikapata faili lenye jina lilelile, nikalipachika kwangu. Likakataliwa. Ukasema lile ni la biti 64 na programu yangu ya zamani ni ya biti 32, miundo miwili isiyoingiliana. Hapo ndipo nilipokasirika kitaalamu. Miaka yote hii sijaona mtu wa saizi 32 akishindwa kuingia kwenye koti la 64. Litapwaya, ndiyo. Litaburuza chini. Lakini mkono unapita! Ulicheka mpaka nikamsikia mdogo wangu akiuliza, "Kimetokea nini tena huko kwa dada?"

4. Ukanikataza kupakua faili kutoka kwenye tovuti nisiyoijua, eti huenda ni kirusi kilichovaa jina la mtu. Hili nakubaliana nalo, hata mimi sichukui uzi usio na lebo. Nimeliorodhesha kwa sababu ulilisema kwa sauti ya mwalimu mkuu.

5. Dawa yako ni kwamba utakuja Alhamisi jioni na flashi, usakinishe programu upya, nayo ije na mafaili yake. Sasa piga hesabu. Majoho ni 38, nimekata na kushona 11, yamebaki 27. Kwaya inaimba Jumamosi asubuhi. Joho moja ni saa mbili na nusu. Mafundi wanne kwa saa tisa za Ijumaa watamaliza 14. Waimbaji 13 watapanda jukwaani na mashati ya nyumbani. (Usiniulize daftari la vipimo. Lilikuwa limekaa bure, nikalichoma.) Orodha ya hao 13 nimeshaipanga, naanzia mstari wa nyuma. Yule besi wa mwisho kushoto, kiuno sentimita 112, ni wewe.

Kwa hiyo naomba programu zote zigawiwe mali zao mafungu sawa, kila faili liandikwe kazi yake usoni, na mimi niombwe radhi kwa maandishi.

Nisalimie mdogo wangu, watoto, na mama mkwe wako, ambaye najua yuko upande wangu kwa kuwa ndiye aliyenizaa.

Ni mimi niliyedhulumiwa na mashine,
Shemeji yako mkubwa

N.B. Kabla sijaifunga barua, cherehani zote nne zimenyamaza. Asubuhi niliiona ovaloki yetu, ile mashine ya kufunga kingo za nguo, imekaa kwenye kona dakika kumi bila mtu. Nikamwazima mshona mapazia, shukrani ya faili lake. Sasa mafundi wote wanne wamesimama na yale majoho 11 yaliyobaki kufungwa kingo tu, nyuzi zinaning'inia, na fundi wa vifungo ananiambia mbele ya wateja, "Bosi, si ungeuliza kwanza nani anaitumia?" Nimeirudisha mwenyewe, nimeibandika karatasi: HII NI YA WOTE, ULIZA KABLA YA KUITOA. Nimeisoma mara mbili kwa sauti. Tafadhali njoo leo na hiyo flashi, joho lako nitalikata la kwanza. Malalamiko namba 1, 2, 3 na 5 yafute. La nne libaki. Ile sauti bado sijaisamehe.