Mbavu za Mkwe Asiye na Meno

Jumatatu, 4 Novemba

Nimeanza kuandika. Si kwa kupenda. Herufi nilifundishwa ukubwani, kwenye masomo ya jioni ya wazee, na mkono mpaka leo unagoma. Lakini kuna jambo linapikwa hapa Murungu dhidi yangu. Nikifa ghafla, wajukuu wajue pa kuanzia kuuliza.

Jumapili wakwe wanakuja kutoka Muyama. Wanamposa Arielle, mjukuu wangu, ambaye namwita mke mdogo tangu anatambaa. Huyo kijana wao ananinyang'anya mke mchana kweupe, na bado nimekubali kumlisha. Ndivyo nilivyo. Nimeshatangaza mpaka kanisani: nitachoma mbavu za nguruwe mwenyewe, nyumbani kwangu, kwenye jiko langu la pipa. Laini mpaka mfupa uchomoke wenyewe.

Jioni Arielle kaja. Hakukaa. Kasema baba wa mchumba wake, mzee Niyubahwe, hana meno ya mbele, juu wala chini. Mwaka jana alikwenda kumposea mtoto wake mkubwa mahali. Akapewa nyama ngumu. Akaitoa mdomoni, akaiweka kwenye sahani, akauliza kama nyama yao ndiyo hii, binti yao atakuwaje. Akavaa kofia. Posa ikafa pale pale.

Halafu akasema, "Babu, huyu kijana nampenda. Naomba nyama achome Apoline."

Apoline! Jirani yangu wa ukuta kwa ukuta. Mjane. Wazazi wake walitoka Burundi zamani, yeye ni raia kama mimi, na kila Jumamosi anachoma nguruwe wa kuuza. Watu wanapita mlangoni kwangu wanalamba vidole. Zamani walikuwa wanakaa hapa nikiwasimulia. Siku hizi salamu ya mbio mbio tu.

Nimemkumbusha Arielle kwamba kabla Apoline hajazaliwa, mimi babu yake nilichoma nyati mzima kule pori la Moyowosi, na moshi wake ukanenepesha vijiji viwili. Akaangalia chini. Heshima imemlemea.

Jumanne, 5 Novemba

Apoline kaja kuazima ungo. Kumbe habari anazo zote. Nani kampa? Maximilla, mke wangu, anakwenda kwake kila siku eti kuchambua maharage. Hayo maharage hayaishi?

Bila kuulizwa akaanza kunifundisha. Nyuma ya mbavu kuna utando, niuvue kwanza, bila hivyo nyama haiachii. Nipake chumvi na kitunguu swaumu tangu jana yake. Makaa nisukume upande mmoja, nyama niweke upande wa pili, moto usiiguse. Nifunike na bati. Niache. Nisichokonoe. Asali nipake mwishoni kabisa, kwa sababu inaungua haraka.

Nilisikiliza kwa uso wa mjinga. Huo uso ninao, nautumia kazini. Alipoondoka nikakaa nikafikiri. Mtu gani anatoa siri ya riziki yake bure, kwa sababu ya ungo? Tena na ungo hakuubeba, kausahau! Mambo ni wazi. Anataka niharibu, Arielle alie, halafu yeye aitwe mbio kama mganga.

Basi nikanunua mbavu, nikafanya jaribio, kila kitu kinyume chake. Utando nikauacha. Asali nikapaka mwanzo, nzuri, ya porini. Makaa chini ya nyama, na juu ya makaa kuni kavu. Bati nikalitupa mbali. Nikachokonoa bila kupumzika.

Moto ukasimama urefu wa mtu. Nyusi yangu moja haipo. Nyama nje makaa, ndani nguruwe bado anafikiria. Nikamtupia mbwa wa njiani. Akabeba, akatembea kidogo, akaweka chini, akarudi kuniangalia.

Sasa najua. Ni bucha.

Jumatano, 6 Novemba

Nimekwenda kwa Ildefonsi wa bucha. Sikumshambulia. Nilizunguka. Nikauliza afya ya nguruwe wake, umri wao, kama kuna mzee kati yao aliyefariki juzi kwa kuchoka. Akajibu kwamba mbavu zangu zilitoka kwa nguruwe kijana kabisa. Tena upande wa pili wa nguruwe huyo huyo alinunua Apoline.

Huyo huyo! Hapo nikapata kizunguzungu. Kumbe nguruwe ana upande mgumu na upande laini, na upande laini unakwenda kwa jirani. Nikamuuliza Ildefonsi nguruwe wake analalia upande gani. Akaniuliza kama nimekula tangu asubuhi. Anabadilisha mazungumzo.

Nimeagiza mbavu za Jumapili pande zote mbili. Hawanipati.

Alhamisi, 7 Novemba

Kasulu, safari ya kiserikali. Maximilla nimemwambia naenda kumwangalia mgonjwa. Akasema nimpe pole huyo mgonjwa na nisisahau chumvi. Huyu mwanamke anajua vitu.

Sokoni kuna Dieudonné, Mkongo, anauza viungo. Sikutaja jina langu. Nilisema nina rafiki, mzee fulani shujaa sana, nyama inamsumbua. Dieudonné akaitazama nyusi yangu, ile iliyobaki. Akasema, "Papa, ambia ule rafiki atie papai ya mubichi. Kidogo tu. Saa moja, anatosha."

Kidogo tu! Mfanyabiashara gani anasema kidogo? Tena papai hauzi! Anapata nini hapo? Anayekwambia kidogo anakuficha kingi. Hapo nimemshika. Nimepanda basi kurudi nikicheka peke yangu mpaka abiria wa pembeni akahama kiti.

Papai bichi ninalo jirani. Liko kwenye uzio, mti wa Apoline, lakini shina limeinamia kwangu kwa hiari yake. Nimechuma yote. Nimeponda, nimezika mbavu za jaribio humo, nimefunika, zilale mpaka asubuhi.

Apoline aliniona nachuma. Alitabasamu tu. Kwa nini atabasamu?

Ijumaa, 8 Novemba

Uji.

Sina neno jingine. Niliinua mbavu, mifupa ikaja, nyama ikabaki chini. Kwenye wavu ikapita kwenye matundu kama uji wa mgonjwa. Maximilla kauliza aniletee sahani au kikombe.

Laini ni laini, hilo hakuna wa kubisha. Lakini mkwe hawezi kupewa mbavu kwa kijiko. Yule mama kaupulizia mti wake kitu. Ndiyo maana ya lile tabasamu.

Arielle kapita akaona. Hakulaumu. Alichukua ufagio akafagia pale chini ya jiko, polepole, mara mbili pale pale. Nikamwambia mke mdogo, Jumapili utaniona. Akasema ndicho anachoogopa.

Jumamosi, 9 Novemba

Leo upelelezi. Nimejificha kwenye migomba ya Apoline kabla hajawasha. Nguo ya kijani, kimya kabisa. Niliwahi kulala hatua chache na simba huko Moyowosi, akaamka asubuhi bila kujua, nikamwachia na blanketi.

Apoline kaweka mbavu, kafunika na bati, kakaa. Mikono mapajani. Hafanyi kitu. Sijawahi kuona mtu anafanya kazi ya kutofanya kitu kwa bidii namna ile. Makaa kimya, moshi kidogo tu pembeni. Lakini midomo inacheza. Anasoma maneno ya uganga! Nikatambaa karibu nisikie ni maneno gani.

Anatafuna karanga.

Bila kugeuka akasema, "Muzehe, hapo ulipo ni njia ya siafu. Njoo kwenye kiti, utaona vizuri."

Ilikuwa njia ya siafu kweli. Sitaandika walikofika. Nilitoka kwenye migomba nikicheza ngoma ambayo Murungu haijawahi kuiona, na wateja wake wakapiga makofi.

Kanipa kiti, kanipa maji, kanipa ubavu mmoja. Nikavuta mfupa. Ukaja mtupu. Nyama tamu, moshi umeingia mpaka ndani, asali imekauka juu inang'aa. Nikamwambia imepungua chumvi. Nikala nyingine tatu kuhakikisha. Zote zimepungua.

Nikamuuliza ghafla, kwa kumshtua, siri ni nini. Akarudia yale yale ya Jumanne. Utando, chumvi, makaa pembeni, bati, acha, asali mwisho. Neno kwa neno! Hapo ndipo alipojimaliza. Mtu mkweli angesahau angalau moja. Huyu kakariri.

Kesho kuni. Kuni nyingi.

Jumapili, 10 Novemba

Naandika jioni, baada ya ushindi. Nitaeleza kwa mpangilio.

Nimetoka misa ya kwanza nikawasha moto wa kuonekana mpaka kambi ya Nduta. Nikapanga mbavu juu yake, upande mgumu na upande laini. Sijamaliza kupuliza, gari la wakwe hilo mlangoni. Mapema! Nani kawaambia waje mapema?

Mwenye nyumba hawezi kuchoma nyama wageni wakiwa wamekaa wenyewe. Ikabidi niingie. Chungu cha pombe ya ndizi katikati, mrija wangu, mrija wa mzee Niyubahwe, na ukishashika mrija na mgeni huinuki ovyo. Mzee mwenyewe mrefu, mkavu, kofia magotini. Hiyo kofia sikuipenda. Ilikuwa tayari.

Mara Maximilla, aliyekuwa anapita na vikombe, akasema nimsimulie mkwe ile ya chui. Maximilla! Miaka yote ya ndoa hajawahi kuniomba hadithi. Huwa anaomba ninyamaze. Moyo ukanijaa. Nikasimulia jinsi chui alivyofuata harufu ya nyama yangu, nikamrushia ubavu, akawa ananilindia kambi na kubweka usiku. Niyubahwe akanisikiliza vizuri, kisha akasema yeye kwenye mto Malagarasi alivushwa na mamba kwa sababu mtumbwi ulikuwa umejaa.

Unaona mtu huyo! Mamba sikuweza kumwacha hivi hivi bila majibu. Nikaleta nyati. Akaleta kiboko. Nje mvua ikaanza kupiga bati. Nikainuka nikatazame moto, Maximilla akanibonyeza bega, akasema bado ya simba na blanketi. Nikakaa. Mvua ikaacha. Tulikuwa tumefika kwenye chatu.

Ndipo nikakumbuka nyama. Nikaachia mrija niinuke. Lakini sahani ilikuwa inaingia tayari, kabeba Arielle mwenyewe, na nyuma yake mlangoni Apoline anafuta mikono kwa kanga. Kaja kushuhudia aibu yangu, nikasema moyoni.

Sahani kwa mzee kwanza. Arielle hakuondoka, alisimama ameshika fremu ya mlango. Kijana wake naye macho kwenye mdomo wa baba yake. Niyubahwe akachukua ubavu, akauangalia mbele, akauangalia nyuma, akautia kwenye fizi. Akavuta.

Mfupa ukatoka mtupu.

Akauweka kwenye sahani taratibu kama anaweka yai. Akachukua wa pili. Wa tatu. Kofia ikaanguka chini, hakuiokota. Mwisho akasema, "Mzee Kalunga, tangu meno yaniage, leo ndiyo mara ya kwanza nyama inanisubiri mimi. Binti ni wetu."

Vigelegele. Arielle akaja akanikumbatia, halafu akamkumbatia Apoline muda mrefu zaidi. Sijui kwa nini. Labda kumpa pole.

Walipoondoka nikaenda kukagua jiko. Na hapa sasa ndipo wajukuu wasome vizuri. Kuni zangu zote zimetolewa, zimepangwa ukutani, zimemwagiwa maji! Makaa yamesukumwa upande mmoja. Bati juu, kubwa, si langu. Kuku wanagombania utando. Harufu ya asali, na mimi asali sikuweka. Nikamuuliza Maximilla. Akasema Apoline alikuwa anakinga mvua tu.

Kukinga mvua! Kaniibia moto, kaifunika nyama isipumue, kaichuna ngozi, kaimwagia asali ishikwe na nzi. Hujuma kamili, mchana, nikiwa na mgeni. Na pamoja na hayo yote nyama ikatoka laini vile! Fikiria asingeigusa. Niyubahwe angeota meno.

Jumatatu, 11 Novemba

Simu kutoka Muyama. Mzee Niyubahwe kasema harusi ni baada ya Krismasi, huko kwao, na ukoo mzima umeshasikia habari za mbavu. Anataka nichome mimi. Nyama ya watu wote. Kasema habari hiyo imefika mpaka kwa maadui zake.

Nimekubali kabla hajamaliza sentensi.

Mipango nimeshaipanga. Mapipa manne. Kuni za kujaza trekta, kavu. Mabati marufuku eneo la moto. Apoline atakaa meza ya mbele kabisa na wazee, kwa heshima, katikati ya vijana wawili wenye nguvu, asiinuke hata kunawa. Na safari hii simwachii mtu mwingine jiko, hata mvua inyeshe mawe.

Nimemwita Arielle nikamweleza yote, kuanzia mapipa mpaka urefu wa moto. Alisimama. Akakaa. Akalia. Mtoto ana furaha, jamani, mpaka huruma. Kisha akatoka mbio bila viatu, moja kwa moja kwa Apoline, bila shaka kumringia.

Maximilla naye akavuka na maharage yake. Baadaye kidogo nikamwona Ildefonsi kafunga bucha mapema, naye kaingia humo humo. Wamefunga mlango, na sauti zao za chini chini. Kikao kirefu. Nilisikia jina langu mara nyingi, na neno mvua, na mtu akauliza hadithi za chatu zimebaki ngapi.

Wananiandalia zawadi. Leo sikwenda kwenye migomba kusikiliza. Nimekaa zangu mbali, nisije nikawaharibia.