Naibu wa Lamees

Jumapili, 2 Novemba 2025

Hili sijapata kumwambia mtu. Nimemwongopea Bibi. Nilimwambia nimechaguliwa mjumbe wa baraza la wanafunzi. Si kweli. Mjumbe ni Lamees, kura kumi na tisa. Mie naibu, kura mbili. (Moja yangu. Ya pili nahisi mtu alikosea.) Naibu wa pili ni Evans, Mkenya, kura moja, na mwenyewe hakujua kama kuna uchaguzi.

Naandika Kiswahili kwa usalama. Walimu shuleni wanajua Kiingereza na Kiarabu tu. Nyumbani wote wanasoma Kiswahili, lakini nyumbani nina mto wa kufichia.

Balaa: Alhamisi saa nane baraza linakaa, na jamaa wa wajumbe wamealikwa kutazama. Bibi ameshatuma ujumbe wa sauti kwenye kundi la WhatsApp la kina mama wa Kizanzibari, Dubai nzima. Ati Mundhir wake anaingia serikalini.

Na naibu haketi mpaka mjumbe akosekane. Lamees hajakosa shule tangu darasa la pili. Afya ya ngamia.

Jumatatu, 3 Novemba

Siku ya Bendera. Tumesimama juani, tumeimba. Baadaye Miss Fortunate katugawia wanasiasa wa kuandikia insha, kila mtu achote kikaratasi. Wenzangu wamechota marais. Mie nimechota Oddvar Skjelnes, Mnorwei. Darasa zima kicheko. Evans kauliza huyo ni mtu ama ni dawa ya kikohozi.

Jioni nimesoma maisha yake. Ukurasa mmoja na nusu. Nimesisimka! Alianza diwani, mji mdogo wa samaki na theluji. Halafu naibu mbunge, vipindi vitatu. Naibu! Kule mbunge akiugua, au akipewa uwaziri, naibu ndiye anayekalia kiti. Skjelnes alikaa bungeni siku arobaini na moja kwa jumla, zote kwa sababu wenzake hawapo. Mwishowe akawa meya. Katika picha anatazama viatu vyake.

Huyu ni ndugu yangu.

Jumanne, 4 Novemba

Jaribio la kwanza. Nimemwambia Lamees uso wake umepauka, akapumzike nyumbani siku mbili tatu. Sentensi hiyo imenichukua mapumziko yote kuitoa. Jasho! Lamees kanitazama, kasema mwenye kupauka ni mimi, kanishika mkono mpaka kwa nesi. Nesi kanilaza saa nzima.

Jaribio la pili, la kitaalamu. Macho ya Bibi hayaoni herufi za simu, kwa hiyo mie ndiye karani wake: anasema, naandika. Leo kaniachia simu nijibu salamu za kundi, kaenda kuswali. Nimejibu salamu. Nikaongeza moja yangu: Alhamisi saa nane mchana kuna hitma kwa Bi Hadijah, Al Jaddaf, nyote mnaalikwa.

Bi Hadijah ni bibi yake Lamees. Hakuna kisomo cha marehemu bila wasichana wa kutembeza chai. Na Bi Hadijah hawezi kukana. Mzanzibari gani atawaambia wageni msije?

Skjelnes angejivuna.

Jumatano, 5 Novemba

Kundi limewaka tangu alfajiri. Mmoja analeta mkate wa kumimina. Mwingine kaimati. Wa Jumeirah Village Circle anauliza maegesho. Adhuhuri Bi Hadijah kaandika: Karibuni, nyumba yenu.

Lamees kamwomba Miss Fortunate ruhusa ya kesho kuanzia saa saba. Alikuwa na huzuni kidogo. Miss Fortunate kasema basi naibu ajiandae.

Nimeandika hotuba. Mistari minne.

Bibi kasikia sauti za kina mama kundini, ameroweka mchele. Mchele mwingi sana. Sikujiuliza.

Alhamisi, 6 Novemba

Nimekaa kwenye kiti! Dakika kumi na moja.

Kisha mlango. Bibi, buibui jipya, udi mpaka safu ya nyuma, na nyuma yake dereva wa teksi kakumbatia sufuria la pilau. Yalla, twende, kasema, mbele ya mwalimu mkuu. Nikanong'ona kwamba baraza ndiyo linaanza. Bibi kasema baraza linangoja, wali haungoji, na yeye hana mikono ya kubeba sufuria kwenye hitma ya watu. Nikatoka. Mara ya mwisho kumwona Evans alikuwa anauliza maikrofoni inawashwa wapi.

Al Jaddaf, kina mama thelathini. Bi Hadijah kaazima mazulia kwa majirani. Wakasoma vizuri. Baada ya dua mama mmoja kauliza, jamani, tunamrehemu nani? Bi Hadijah kawatazama wageni. Wageni wakatazama simu zao. Ujumbe umetoka kwa Bibi! Bibi akanitazama mimi. Nikatazama viatu vyangu.

Bibi kasema ni hitma ya marehemu Babu. Nyumba yetu ya Karama ndogo, ndiyo maana akamwomba shoga yake ukumbi. Bi Hadijah hakupepesa macho. Kasema kweli kabisa, na yeye kafurahi. Wote: amin.

Ingeishia hapo. Lakini Bibi kaongeza kwamba na huyu mjukuu kaacha kiti chake cha ujumbe kwa ajili ya babu yake. Lamees alikuwa anapita na sinia la vikombe. Kasema kwa adabu kubwa: samahani Bibi, mjumbe ni mimi. Mundhir ni naibu wangu.

Niliirudisha kaimati yangu kwenye sahani.

Ndani ya teksi Bibi kapandisha kioo cha dirisha. Kisha kasema ningemwambia naibu, angetuma sauti ile ile, kwa fahari ile ile. Nyumbani kanielekeza jikoni. Nimeosha masufuria kumi na moja. Letu ni moja. Mengine kayaomba kwa Bi Hadijah makusudi.

Ijumaa, 7 Novemba

Evans kazungumza jana bila karatasi. Kaomba basi la shule la Karama liwe na maji baridi. Limekubaliwa. Makofi! Miss Fortunate kasema kuanzia leo Evans ni naibu wa kwanza. Mie wa pili.

Nimemsoma tena Skjelnes. Mwaka mmoja alishindwa, akarudi uchaguzi uliofuata, wa mwisho kabisa kwenye orodha. Hakuacha.

Na mie funzo nimelipata. Kosa lilikuwa hitma. Hitma haimtoi Evans. Sasa nahitaji wawili wakosekane siku moja, na Evans mwenyewe kaniambia penye pilau yupo. Kwa hiyo: harusi! Alhamisi ijayo, saa nane. Harusi ya nani, si muhimu. Bi Hadijah hatakana.

Ndara za Bibi ukumbini. Anauliza nani kachukua simu yake. Zinakuja huku. Daftari chini ya mto, haraka, simu bado ninayo mkononi, nimeshafika "nyote mnaal